Mfasiri wa Kiapo

Ghorofa ya pili, Mtaa wa Mkwepu, juu ya duka la miwani.
Herufi moja ya bango langu ilianguka wakati wa mvua za elnino,
kwa hiyo mimi ni mfasiri wa iapo, na wateja hawajali.
Vyeti vya ndoa, leseni, shahada za ufamasia.

Bi. Sikudhani ametoka Keko Magurumbasi kwa miguu.
Nauli alikuwa nayo, anasema, ila hakutaka kukaa na watu.
Anafungua pindo la kanga, anatoa bahasha, haiachii.
"Walinisomea kwenye simu, Kizungu kitupu.
Nimeambulia sori, mara saba."

Karatasi tatu. Muhuri wa bluu.
Mwinshehe, mwanafunzi, mwaka wa tatu.
Mahali: maktaba ya chuo. Saa: nane na dakika kumi na moja.
Chanzo cha kifo:
hapo vidole vikagoma.

Lugha hii niliipata bwenini, katika nchi
iliyobadili jina mara mbili tangu niondoke.
Mwaka wangu wa kwanza, theluji bado,
askari mmoja kijana aliingia kantini ya kambi na bunduki ya zamu
akaua wanane. Au kumi na mmoja.
Alinieleza Milena, muosha sahani,
bomba akiliacha likorome makusudi.
Gazeti la Chama lilitoa mistari minne, ukurasa wa tano,
chini ya mavuno ya viazi: ajali ya mafunzo.
Mwalimu alikwisha kutufundisha maneno mia nne ya kiwanda cha chuma.
Nikamuuliza: mtu anayewapiga risasi watu asiowajua, anaitwaje?
Akafuta ubao uliokuwa umeshafutwa.
"Huyo," akasema, "anapatikana Marekani tu."

(Nasi tulikuwa na kamusi yetu, nisijifanye.
Nilirudi Dar mwaka wa foleni za sabuni,
na njaa tuliiita kufunga mkanda.)

Chama kilipoanguka, maghala ya silaha yakakosa makufuli.
Milena akaniandikia: bunduki zinauzwa sokoni
kati ya pilipili na soksi.
Akaandika: harusi ya kijijini, mchimba mgodi aliyeachishwa kazi, sita.
Akaandika: jirani na jirani, mpaka wa shamba, watano na mbwa.
Halafu shule. Hiyo hakutaja hesabu.
Halafu sanduku langu la posta likawa na vumbi,
ikaja simu ya mkononi, yenye habari zote,
isiyo na Milena.

Sasa neno lipo. Wameliunda wenyewe,
refu, limeunganishwa kama mabehewa,
ndilo hili, mstari wa sita.
Miaka arobaini nimelidai.
Leo nimelipwa, na sina pa kuliweka.

Bi. Sikudhani ananitazama mdomo.
Chini, fundi miwani anapima macho ya mtu:
hii wazi? Au hii?

Ningeweza kuandika ajali.
Herufi tano. Ingemlaza usiku mmoja.
Na Kiswahili kingenipa udhuru, maana hata wahenga,
siku ya mtu ikitimia, walisema ajali imemfika.
Nikalitamka kwa sauti ndogo, kama anayeonja chumvi.

"Usiniwekee ajali," akasema.
"Ajali ni ya Mungu. Hii ina mtu."

Nikaandika: Aliuawa kwa risasi, yeye na wenzake tisa,
na mtu ambaye hawakumjua.
Akanifuata neno kwa neno, kidole juu ya karatasi,
ingawa kusoma, alikwisha kuniambia, hajui.
Kidole kikasimama kwenye maktaba.
"Wameandika alipokuwa. Alichokuwa akifanya, hawakuandika."

Mfasiri haongezi. Niliapa hivyo, mkono juu.
Nikagonga muhuri kwanza.
Kisha chini yake, nje ya kiapo, kwa kalamu ya wino:
alikuwa anasoma.