Hodi ya Ukutani

Asukile alibisha hodi kabla ya kuchora.
Si mlangoni. Ukutani, kwa kifundo cha kidole:
"Ugonile,"
kisha akanyamaza, sikio kwenye tofali.
Siku nyingine alikunja gunia lake, akaondoka.
"Huu leo hautaki."

Hakufundishwa na mtu. Darasa la tatu walimfukuza
kwa kumchora mwalimu mkuu na pembe,
na pembe zile, wazee wa Uyole wanakiri, zilimkaa.
Rangi alijitafutia:
masizi ya sufuria za mama Tusekile,
kiini cheusi cha betri zilizofia redioni,
kokwa la parachichi, analikuna, analisubiri
mpaka maji yake yageuke kutu.
Brashi ni mkia wa mbuzi, wa Krismasi ya watu wengine.

Alichora ng'ombe wa miguu sita
("Wanatembea, huoni?"),
Mlima Rungwe umejifunika blanketi hadi puani,
na mama yangu akipima maharage,
debe limebonyea palepale lilipobonyea kweli.
Wateja wakaliona.
Mama akamtoa mbio na ufagio.

Wakaja watu wa barabara.
X nyekundu, nyumba kwa nyumba,
toka stendi mpaka kwa mng'oa meno.
Tulisimama nje, mikono kifuani, kama wafiwa.
Usiku ule Asukile alibisha hodi mtaa mzima.
Kulipokucha kila X ina kichwa:
huyu anacheza, huyu anapungia basi,
huyu kambeba mwenzake mgongoni,
na wawili, kwenye ukuta wa kanisa, wamekumbatiana.
Mpimaji akahesabu, akakosea, akacheka sana.
Jumatatu akarudi na tingatinga.

Kuta zilianguka kifudifudi.
Vumbi tulilinywa kwenye chai siku tatu.
Yeye hakuwa na nyumba, hakuna aliyemwandikia X.
Akajiandikia mwenyewe, mgongoni mwa koti,
kwa kutu ya parachichi:
"Na mimi nimo kwenye hifadhi ya barabara."

Akatoweka Julai, ndani ya ukungu.
Wengine wanasema Chimala, wengine Tukuyu, wanabishana bado.
Lami sasa ni pana. Malori ya Tunduma hayapunguzi mwendo.

Mama anapima kwa mizani siku hizi.
Chini ya meza ana tofali moja la kifusini,
lenye kipande cha debe na kile kibonyeo.
Asubuhi za baridi humsikia akiligonga, taratibu, mara mbili.
Nikimuuliza, anasema anakung'uta vumbi.