Daftari la Vipimo

Bega kumi na tano, kiuno thelathini, urefu arobaini na mbili:
ndivyo Eusebia Ngailo alivyoingia katika daftari langu,
mwezi wa saba, Njombe, baridi ya kung'ata masikio,
mwalimu wa darasa la tatu mwenye chaki kwenye kucha,
anataka gauni la kuombea udiwani
na hela yake haifiki bei ya kitambaa.
"Punguza mikono," alisema, "lakini tia mfuko."
Nikamwambia gauni la heshima halina mfuko.
"Basi la kwangu halina heshima. Tia."

Nikatia.

Siku ya mkutano walimcheka, nilikuwepo.
Mmoja akauliza kwa sauti, mume atapikiwa na nani.
Akachomoa mfukoni karatasi ya daftari la shule,
akasoma vijiji visivyo na maji, kimoja kimoja,
kama anaita mahudhurio,
akangoja baada ya kila jina
mpaka mtu wa huko ajibu: yupo.

Halafu viti maalumu. Bega kumi na sita.
Bega halinenepi kwa ugali, mimi fundi, najua;
bega hupanuka kwa kubebeshwa.
"Dodoma jua kali, fundi, fumua bitana."
Akirudi, meno yanagongana: "Nirudishie bitana yangu."
Suti moja ya bluu nimeifumua na kuishona mara nne,
mpaka tundu za sindano zikawa nyingi kuliko uzi.

Nilimsikia kwenye redio, juu ya kabati la vifungo,
kengele ikilia, muda wako umekwisha, mheshimiwa,
naye: "Wangu umekwisha, ndiyo.
Daraja la Lyamwele halijaanza."
Nikasimamisha gurudumu kwa kiganja.
Mteja akadhani uzi umekatika.

Akachukua jimbo. Akawa naibu waziri.
Vipimo vikaanza kuja kwa simu,
sauti ya kijana nisiyemjua, ana haraka, ananiita "mzee wa nguo".
Mfuko haukutajwa tena.
Nilitia hata hivyo, ndani, upande wa moyo,
sijui kama aliwahi kuuona.

Sasa hili nalo niliandike, maana daftari ni langu.

Mwaka ule wa kura za maoni alikuja kijana mfanyabiashara wa mbao.
Akaagiza sare mia tatu, akalipa kabla ya kupimwa mtu hata mmoja,
akanifungia na mota ya umeme kwenye cherehani.
Mguu wangu, uliokanyaga pedali miaka ishirini na tisa,
ukalala kama mbwa aliyeshiba.
Mimi ni mjumbe, tawi la sokoni.
Nikaandika jina la yule wa mbao.
Eusebia alishindwa kwa kura kumi na moja.
Usinihesabu peke yangu.
Lakini nihesabu.

Jana kaja, kwa miguu, mvua za Januari,
viatu vina udongo mwekundu wa shamba la parachichi.
Akaweka suti ya bluu mezani: "Punguza mabega."
Mota ilikuwa inanguruma. Akaitazama.
Akanyoosha mikono, kama zamani, nimpime.

Kumi na tano na nusu.

Kwenye mfuko wa ndani vidole vyangu vikagusa karatasi,
imefuliwa, imekauka, imekuwa ngumu kama ganda.
Neno moja tu lilisomeka. Lyamwele.
Akaichukua, akaikunja upya, akaitia kwenye sidiria
palepale bibi zetu walipoweka hela ya chumvi.

"Mifuko?" niliuliza, sauti haikutoka vizuri.
"Miwili. Mmoja uwe mrefu, nataka uingie mkasi wa kupogolea."
"Na wa pili?"
Alikuwa ameshafika mlangoni, anatafuta mwavuli.

Nimechomoa waya ukutani.
Mguu umesahau, unakanyaga nyuma, uzi unakatika,
na saa hii, kwa mvua hii,
watu wa Lyamwele wanavuka juu ya gogo.