Faili la Kumi na Mbili

Riali nne na baisa mia tano,
kifurushi kimeshuka: sauti mia tatu na themanini,
zimenyolewa, zimepangwa, zimetiwa namba.
Ngoma nzito thelathini. Makofi arubaini.
Kofi la ukumbini, kofi la chooni, kofi la mkono mkavu.
Nani huyo alokaa akapiga makofi yote haya
na mbele yake hakuna wa kumshangilia?

Saa saba za usiku hapa Mabela.
Kiyoyozi kinakoroma kama mgeni asotaka kuaga.
Haithamu wa Dubai anautaka muziki kesho,
wa kuchezea watu juu ya paa la hoteli.
"Nitilie na Uafrika," kaniambia,
"kidogo tu, kama chumvi."

Nafungua faili la kumi na mbili,
wameliandika *Mwito wa Kale*.
Mwanamke. Sekunde moja na nusu.
*Nipi. Nipi. Nipi.*
Naivuta, naikata, naigeuza kinyumenyume,
naitia mwangwi wa pango nisolijua.
Inakaa vizuri juu ya besi.
Mlio tu, nadhani, neno lisilo kwao.

Mama kaingia na chai ya maziwa,
mguu mmoja una kandambili, mwengine hauna.
Kasimama.
"Nipishe," kasema.
Nikasogeza kiti.
"Si wewe! Huyo hapo. Anasema nipishe.
Wamemkata neno mdomoni.
Na ana mzigo, isikilize pumzi yake:
ndoo, na njia nyembamba."
"Umejuaje?"
"Nimeteka maji Wete mpaka siku naolewa.
Nitaachaje kujua?"
Chai kaiweka juu ya spika,
kila siku namkataza,
akenda zake kulala.

Nikalitafuta lile *she* lililobaki.
Halimo. Limeanguka kwenye mkasi wa mtu
nisomjua jina, katika mji nisoujua.
Basi sikumrudia tena mara sitini.
Mara moja tu, dakika ya tatu,
kisha nikazima ngoma, nikazima makofi,
besi nikaishika mkono:
mapigo manane ya kimya,
upana wa mtu mmoja na ndoo yake.

Asubuhi Haithamu kapiga simu.
"Hapa kati pamekatika. Faili bovu?"
"Si bovu," nikamwambia.
"Pana mtu anapita."