Bwana Chunjua

Alikufa wa tatu kila mara.
Wa kwanza alikuwa kijana, ili tumchukie jambazi,
wa pili mpishi, kwa bahati mbaya,
kisha yeye, mwenye chunjua kidevuni,
akianguka kiubavu kwenye tope la Japani
huku sisi, Shella ya Malindi, juu ya mabenchi ya mbao,
tukipiga kelele: Inuka! Inuka, mzee!
Shilingi tano mlangoni. Watoto wawili kwa saba.

Jina lake lilipita mwishoni,
katika maandishi yaliyoteremka kama siafu ukutani,
na Mjomba Shekuwe alikuwa keshazima deki
kuokoa umeme.
Basi tukamwita Bwana Chunjua.

Mjomba hakujua Kijapani hata cha kuombea maji.
Alisimama kando ya runinga
na kipaza sauti kilichostaafu msikitini,
akawasemea wote: shujaa kwa sauti ya puani,
wanawake wote kwa sauti ya shangazi Mwanaesha,
ila Bwana Chunjua alimpa sauti yake mwenyewe,
ile ya nyumbani, ya kuuliza nani kamaliza sukari.
Shujaa alisema: Leo nalipiza kisasi!
Bwana Chunjua akasema: Mimi nina mke, na paa linavuja,
lakini haya, twende.

Miaka ikaenda kwa kanda.
Upanga ulimtoka mkononi, akavaa kofia ya polisi.
Akawa mkopeshaji, akahesabu noti kwa kulamba kidole.
Akawa dereva wa teksi aliyemwona muuaji kwenye kioo.
Akawa daktari, dakika moja tu, mlangoni, akivua miwani,
na ukumbi mzima ukajua mgonjwa hayuko tena.
Nywele zilimpungua. Chunjua ilibaki,
kama duka la kona ambalo mwenyewe amekataa kuuza.

Mwaka wa mvua kubwa alikuja Chinatsu,
binti aliyepima matumbawe,
akaketi benchi la nyuma na kifuko cha mabuyu.
Alicheka pasipochekesha. Tulipolia, akacheka tena.
Filamu ilipokwisha akamwendea mjomba:
"Yule mzee hakusema habari za paa.
Aliuliza tu kama wali umeiva."

Tukanyamaza kama waliokutwa wakiiba.
Mjomba akakunja waya wa kipaza sauti,
taratibu, kuzunguka kiwiko.
"Miaka ishirini," akasema, "wanampa wali.
Uso ule! Nao wampe wali tu?
Nikamwongezea kidogo."

Chinatsu ndiye aliyetuandikia jina,
kwa kalamu ya risasi, nyuma ya tikiti:
Tomeji Nagisawa.
Akasema hata yeye ilibidi asimamishe mkanda asome.
Kwao, mama yake humwita
yule wa chunjua.

Ukumbi sasa ni duka la simu.
Koo la mjomba liliharibika, hospitali ya Mombasa ikachukua sauti,
ikamwachia tundu na kitambaa cha kulifunikia.
Juzi, baada ya isha, sebuleni kwangu,
tamthilia ya Kijapani iliyotiwa Kiswahili,
karamu ya harusi, watu wengi, maua,
na kwenye kiti cha pembeni kabisa, amesinyaa kama kungumanga,
nani?
Mjomba alinishika goti.

Mzee akafungua kinywa. Kijana fulani wa studio,
sauti laini, iliyopakwa mafuta, akamsemea:
"Je, wali umeiva?"

Mjomba akapiga paja. Sivyo.
Akaweka kidole kwenye kitambaa cha koo,
midomo ikaenda bila kitu,
na mimi niliyekulia benchi la mbele
nikaisoma, nikaitamka yote, neno kwa neno,
kwa nguvu kiasi kwamba mke wangu alitoka jikoni na mwiko
kuuliza ni paa gani linavuja.