Muziki Usiokobolewa

Mideva amepakua albamu usiku,
kwa bando la saa sita hadi alfajiri,
megabaiti mia tano na kitu.
"Baba, hii haijapunjwa. Ile ya zamani
waliikoboa."
Hilo neno nalielewa.

Miaka kumi na tisa hapa Chavakali
nimekoboa mahindi ya watu:
punje huku, pumba kule,
unga mweupe kama uongo wa harusini,
na ng'ombe wa jirani wakinenepa
kwa kile tulichokiita taka.

Basi nimeketi juu ya gunia, mtambo umezimwa,
ukanda bado una joto,
hedifoni zake za waya zimenibana kichwa.
Giza linaingia kwanza. Besi.
Besi naipata yote, inapanda mbavuni
kama lori la majani chai likitoka Mudete.
Kisha msichana, sijui wa nchi gani,
anaimba kama mtu aliyefungiwa stoo
na hataki kufunguliwa.
Maneno siyashiki.
Huzuni yake naishika kwa mkono mzima.

"Umesikia hapo?"
Wapi?
"Kabla ya wimbo wa tatu. Anavuta pumzi.
Halafu kiti kinalia."
Anarudisha nyuma. Anarudisha tena.
Natazama midomo yake, nangoja,
napata ukimya uliopigwa pasi.

Kule hospitali ya Mbale waliniketisha chumbani:
bonyeza kitufe kila ukisikia mlio.
Nilibonyeza kwa adabu,
daktari asione nimempotezea siku.

Kumbe wimbo umefika mzima, na pumba zake,
mimi ndimi chekeche.
Kinu kilikuwa kikinisaga na mimi,
debe kwa debe, wala hakikudai shilingi.

Simwambii. Nasema, "Hebu nieleze hicho kiti."
Anachukua upande mmoja wa hedifoni,
anaubandika sikioni, anafumba macho.

"Cha mbao. Mguu mmoja mfupi.
Anainama mbele, nadhani amechoka.
Kitambaa kinasugua kitambaa,
halafu, ngoja, kama anameza mate,
ndipo anaanza."

Tumefika wimbo wa tisa hivyo,
yeye akisikia, mimi nikisikiliza,
vumbi la unga likimtua kwenye nyusi.
Wateja wawili wamegonga mlango wakaenda zao.

"Hapa mwishoni kuna kitu," anasema,
"lakini sijui nikiite nini."

Jaribu, namwambia.
Jaribu tu.