Mita Mia Nne

Ile hundi ya kadibodi, pana kuliko mlango,
waliyotushikisha mbele ya kamera pale Iringa,
imeziba dirisha la jiko langu hapa Isongole.
Juni ikija na baridi yake ya kuuma masikio
inafanya kazi kuliko ilivyowahi kufanya benki.
Upande wenye tarakimu nimeuelekeza nje.
Mvua imeshakula sifuri mbili.

Sisi tulikuwa msimu wa tano wa Mbio za Wawili.
Sasa ni wa kumi na mmoja,
na kila mwaka majirani huja kunidodosa
kana kwamba majibu nayaandika mimi:
safari hii nani anachukua, dada Tusekile?
Nawaambia, muulizeni mhasibu.

Milioni sitini, alitangaza yule mwenye suti ya bluu.
Kodi ikachukua chake kabla sijajifuta jasho.
Zikabaki arobaini na nane.
Gawanya kwa mbili:
hesabu ya darasa la tatu,
mtoto angeimaliza kwa vijiti.

Kaka yangu Asegelile alikuwa na hesabu nyingine.
Isimila, katikati ya zile nguzo za udongo,
kifundo changu cha mguu kiligeuka,
akanibeba mgongoni hadi kwenye bendera.
"Mita mia nne," alisema hotelini, bahasha ikiwa mezani,
"na wa pili walikuwa nyuma yetu dakika tatu."
Nikasema, na ramani aliisoma nani tangu Mbozi?
Nani alijua basi la Igawa haliondoki saa waliyoiandika?
Akasema, thelathini.
Nikampa.
Usiku ule nikakaa na kalamu:
milioni sita za ziada kwa mita mia nne,
elfu kumi na tano kila mita.
Hakuna teksi ya bei hiyo, hata toka Tunduma mpaka ahera.

Kumi na nane zangu zilikwenda zinakokwenda,
bati, ada ya Lugano, ng'ombe aliyekufa na mimba yake,
mchango wa kengele ya kanisa,
wajomba ambao sikujua kama ni wajomba.
Zake zilizaa lori. Anabeba mbao Makambako.
Msiba wa mama tulikaa pande mbili za turubai.

Mwaka huu mbio zimepita mlangoni kwangu.
Vijana wawili, kamba kiunoni, tope hadi magotini,
mmoja akimvuta mwenzake kama mbuzi wa mnada,
wakauliza njia ya kupanda Ngozi.
Nilitaka kuwaambia, andikianeni kwanza,
andikianeni kabla hamjafika juu,
lakini kamera ilinikodolea jicho
na maneno yakarudi yalikotoka.
Nikanyoosha mkono tu.
Kushoto.

Walipoonyesha, Jumamosi, sura yangu hawakuiweka.
Mkono tu, sekunde mbili,
na lile kovu la kamba ya mtumbwi, Matema.
Simu ikaita kabla tangazo la sabuni halijaisha.

"Nimeuona mkono wako."
Nikasema, ndiyo.
"Umewapeleka kushoto. Kushoto ni mbali.
Kulia wangefika mapema."
Nikasema, najua.
Kulia, kwenye mianzi, njia ni nyembamba,
lazima mmoja atangulie.
Kushoto wanapita wawili sambamba.

Akanyamaza. Huko Makambako
nikasikia mtu akishusha mbao, moja, moja.
"Wametoka wa nne," alisema.
Wa nne hawapati kitu.
"Hata nauli?"
Nauli wanapewa.