Kuchelewa kwa Thurlow

Albamu ya kwanza ya Corliss Mabry
tuliirekodi chini ya nyumba ya shangazi yake, Youngstown,
Februari, theluji imeziba kidirisha
na tanuri la kupasha nyumba likinguruma
kama mgeni asiyejua kuaga.
Mimi nilikuwa mshika nyaya tu.
Nilivua soksi nikaivisha maikrofoni.

Siku hizi watu huniuliza mizizi.
Wanataka nitaje majina makubwa, nami sina.
Nina kanisa la matofali, kina mama
wakipiga makofi nyuma kidogo ya pigo:
"Msimkimbize Bwana," walisema, "anakuja kwa miguu."
Nina redio ya usiku wa manane,
wanaume waliokuwa wakiomba msamaha kwa sauti nyembamba,
na mama yake Corliss akipiga pasi sare za hospitali.
Hakuwasamehe hata mmoja.
Aliwaongezea sauti tu.

Na nina mjomba Thurlow na gitaa lake la besi.

Kiwanda cha chuma kilimlipa miaka kumi na tisa
kisha kikabaki na kidole chake cha pete.
Basi noti iliyokuwa ya kidole kile
ilifuatwa na kidole cha mwisho,
mwendo si mrefu, lakini mwendo,
kikafika ngoma imeshakanyaga.
Corliss akalisikia lile pengo.
Hakulijaza.
Aliingia ndani yake kama mtu aliyewekewa kiti,
akaimba akiwa humo, karibu na kusema.

Nakala mia tatu, majalada tumeyagonga muhuri kwa mkono,
wino wa zambarau uliokataa kukauka.
Tuliuza kwenye buti la gari, nje ya saluni,
nje ya msiba mara moja, Mungu atusamehe.
Arobaini na moja zilibaki. Zikalowa.

Sasa vijana wa London na Atlanta,
vidole kumi kamili,
wanajifunza kuchelewa.
Wanapima kwa kompyuta vipande vya sekunde.
Wanauita mtindo.

Thurlow hakuuita kitu.
Siku ile, wimbo ulipokwisha,
aliukunja mkono akaupulizia, baridi ile,
akaniuliza kama nimezima mashine.
Sikuwa nimezima.
Imo, mwisho kabisa wa wimbo wa tatu:
pumzi zake mbili, tanuri,
halafu Corliss, kicheko kimembana,
"Tena, mjomba. Ila usiwahi."